Nimepewa umeneja, ovataimu ikaondoka

Shikamoo Mama,

Mimi ni mama wa watoto wawili, mzaliwa wa Morogoro, naishi Texas na mume wangu. Tulikuja kwa bahati nasibu ya visa, kwa hiyo karatasi zetu ziko sawa. Nalisema mapema kwa sababu kila ninayemweleza shida yangu huanza kwa kuuliza hilo.

Nafanya kazi kwenye kampuni ndogo yenye nyumba mbili za kulelea watu wazima wenye ulemavu wa akili. Mwenye kampuni ni Mtanzania mwenzetu na tunasali kanisa moja. Tulipofika hapa hatuna hata sufuria, ndiye aliyetupa chumba juu ya gereji yake mpaka tukasimama. Namwita Dada Mkubwa, na sijawahi kumwita jina lake. Ndiye pia mwenyekiti wa kikoba chetu, na zamu yangu ya kuchukua fedha inakuja kabla ya shule kufunguliwa.

Mwanzo nililipwa kwa saa, dola 15. Wiki nyingi nilifanya saa 50: zile 40 za kawaida, na 10 za ovataimu kwa dola 22.50. Jumla dola 825 kabla ya makato. Mapema mwaka 2024 aliniita jikoni kwake akaniambia, "Mdogo wangu, umebeba boksi vya kutosha. Sasa wewe ni meneja wa nyumba. Dola 800 kwa wiki, saa 40, wikiendi zako." Akanipa karatasi nisaini, imeandikwa kwamba cheo changu hakina ovataimu. Nikasaini siku hiyohiyo. Nilimpigia mama Morogoro, naye kesho yake akatangaza kwenye jumuiya.

Hizo saa 40 zilidumu kama mwezi mmoja. Mtu asipokuja zamu, simu inapigwa kwangu. Mteja akianguka bafuni, ni mimi. Sasa nafanya saa 60 kila wiki, na mara mbili kwa wiki nalala palepale kwa kuwa hakuna mtu wa usiku. Saa za kulala sijaziweka kwenye hizo 60. Nawaogesha, nawapa dawa na kusaini karatasi za dawa, napika, nafua, nawapeleka kliniki. Umeneja wenyewe ni kupanga ratiba ya zamu, ambayo Dada Mkubwa huibadilisha kwa WhatsApp usiku, na kuandika ripoti. Kuajiri anaajiri yeye. Kuna kijana nilimwambia hafai, nikamkuta Jumatatu amevaa beji.

Chini yangu wapo watatu. Kaka mmoja wa Bukavu anafanya saa 40 kwangu, na 15 nyingine kwenye ile nyumba ya pili. Wengine wawili ni wanafunzi, saa 15 kila mmoja. Huyo kaka analipwa dola 15.50 kwa saa, na kwa ovataimu yake anaondoka na karibu dola 970 kwa wiki. Mimi bosi wake naondoka na 800. Tena majuzi alikuwa anafurahia ule unafuu mpya wa kodi kwa watu wa ovataimu. Nilicheka naye, nikaenda chooni nikalia.

Kuna jambo jingine. Julai 2024 Dada Mkubwa alinipandisha hadi dola 844 kwa wiki, akasema serikali imeamuru. Akasema Januari itakuwa 1,128 na hajui atazitoa wapi. Novemba tukasikia mahakama imefuta. Cheki ya Desemba ikarudi 800. Nilipouliza akasema, "Sheria imefutwa, mdogo wangu. Sasa wewe ni meneja halali hata kwa 684." Wifi yangu aliyeko jimbo la Washington anasema kwao hakuna meneja wa dola 800, na ananiona mjinga. Sasa nchi ni moja, sheria zinakuwaje mbili?

Mwezi wa pili mwanangu alishikwa na homa shuleni. Niliondoka zikiwa zimebaki saa tano za zamu, akanikata dola 100. Haikuwa mara ya kwanza.

Mume wangu anasema nimshitaki. Lakini nimekula chumvi yake, Mama. Kanisani nitakaa wapi? Kikoba je? Na nikiomba kurudi kulipwa kwa saa, mama yangu nitamwambia nimeshushwa cheo? Na ile karatasi niliyosaini si ndiyo imenifunga? Nishauri kama mwanao.

Meneja wa Jina, Texas

*

Marahaba, mwanangu.

Barua yako nimeirudia mara kadhaa, hasa pale kwenye zile dola 100. Umezitaja kwa kupita tu, mwishoni, lakini mimi naona zina uzito kuliko unavyodhani. Nitazifikia.

Nikikuelewa vizuri, umebeba vitu viwili kwenye kapu moja. Kuna fedha: unafanya saa 60 na zaidi, unalipwa kama mtu wa saa 40, na kaka aliye chini yako anakuzidi. Halafu kuna mtu: dada aliyekupa chumba ulipokuwa huna pa kulala, ambaye leo ndiye anayekupunja, au unahisi anakupunja. Mumeo anaangalia fedha. Wewe unamwangalia mtu. Sioni kama yupo aliyekosea, ila nadhani mnagombana kwa sababu kila mmoja anajibu swali tofauti.

Nianze na sheria. Mimi si wakili, na nitakachokueleza hakichukui nafasi ya wakili wa huko Texas. Lakini naona umepewa nusu ya habari, na nusu hiyo ndiyo inayokunyima usingizi.

Sheria ya ovataimu ya Marekani ni ya mwaka 1938, enzi za Rais Franklin Roosevelt. Msingi wake ni kwamba mfanyakazi akipita saa 40 kwa wiki, kila saa ya ziada inalipwa moja na nusu. Halafu ikaacha nje watu wa aina fulani: wenye kuongoza, wenye kazi za juu za kiofisi, na wataalamu. Ili mwajiri amweke mtu kwenye kundi hilo la wasiolipwa ovataimu, kwa kawaida lazima mambo matatu yatimie kwa pamoja. Alipwe mshahara usiopungua hata akifanya saa chache. Mshahara huo ufike kiwango kilichowekwa na Wizara ya Kazi. Na kazi yake kuu iwe kweli ya aina hiyo. Likikosekana moja, ovataimu ipo, hata mtu aitwe meneja au mkurugenzi.

Mvutano wote uliousikia, wa 844 na 1,128 na 684, ni wa jambo moja tu kati ya hayo matatu, yaani kiwango. Kiwango hicho kina historia ya kuchosha. Tangu 1975 hadi 2004 hakikuguswa. 2004 kikawekwa dola 455 kwa wiki. Serikali ya Obama ikataka kukifikisha 913, jaji wa Texas akazuia Novemba 2016, siku chache kabla hakijaanza. Januari 2020 kikawa 684. Serikali ya Biden ikakipandisha hadi 844 kuanzia Julai 1, 2024, na kingefika 1,128 Januari 1, 2025. Novemba 15, 2024 jaji Sean Jordan, wa mahakama ya shirikisho huko Texas ya Mashariki, akaifuta kanuni hiyo kwa nchi nzima, na tukarudi 684. Kwa hiyo Dada Mkubwa hakukudanganya kuhusu namba. Kukurudisha 800 kwa kazi ya kuanzia hapo, nako kwenyewe hakukuvunja kiwango.

Sasa angalia jaji alisema nini. Hoja yake kubwa ilikuwa kwamba Wizara ilipandisha kiwango mno, mpaka kiasi cha mshahara kikameza swali la kazi. Maneno ya sheria yenyewe, alisema, yanazungumzia kazi anayofanya mtu. Yaani hukumu ileile iliyokuondolea dola 44 kwa wiki inasema kinachotakiwa kutazamwa zaidi ni mikono yako inafanya nini kuanzia asubuhi. Kiwango kikiwa juu, waajiri wengi hawaulizwi hilo, maana mfanyakazi hafiki hata mlangoni. Kikishuka, swali la kazi ndilo linalobaki. Dada Mkubwa ameichukua hukumu kama ruhusa. Mimi naisoma kama swali analopaswa kulijibu.

Kwa hiyo tuulize. Kwa meneja wa aina yako, kanuni zinataka kazi yake kuu iwe kuongoza sehemu ya biashara inayojulikana. Awe anaelekeza kwa kawaida wafanyakazi wawili wa muda wote au zaidi, au idadi inayolingana nao. Na awe na mamlaka ya kuajiri au kufukuza, au angalau maneno yake juu ya hayo yapewe uzito wa pekee.

Wafanyakazi wawili wa muda wote kwa kawaida huhesabiwa kama saa 80 kwa wiki. Kaka wa Bukavu ana 40 kwako. Zile 15 za nyumba ya pili si zako. Wanafunzi wawili, 15 na 15. Nikijumlisha napata 70. Huenda kuna mtu hukumtaja, au wiki nyingine wanafunzi wanaongeza saa, kwa hiyo ihesabu mwenyewe kwa ratiba za nyuma. Upande wa kuajiri, kuna yule kijana aliyevaa beji Jumatatu baada ya wewe kumkataa. Mara moja haithibitishi kitu. Bosi yeyote anaweza kutokubaliana na meneja wake. Lakini kama ndiyo hali ya kila siku, huo uzito wa pekee uko wapi?

Kwenye kazi kuu nataka uende polepole, maana hapa watu huteleza. Si kweli kwamba kuogesha wateja kunakufanya usiwe meneja moja kwa moja. Muda ni kipimo kizuri, na anayetumia zaidi ya nusu ya muda wake kuongoza kwa kawaida anahesabiwa kiongozi, lakini muda si kipimo pekee. Meneja anaweza kupika huku anaongoza, na mahakama zimewahi kukubali hivyo. Wakili wa Dada Mkubwa, akiwapo, atasema ulikuwa unaongoza nyumba hata ulipokuwa umeshika sufuria. Wako atasema ratiba ilibadilishwa usiku kwa simu, uongozi gani huo? Sitakudanganya kwamba jibu liko wazi kama unavyotamani, au kama mumeo anavyoamini.

Nirudi kwenye dola 100. Mtu anayelipwa mshahara wa aina ile hatakiwi kukatwa kwa kuondoka mapema siku aliyofanya kazi. Zipo nafasi chache, kama likizo bila malipo ya sheria ya familia na matibabu, lakini kanuni ya kawaida ndiyo hiyo: ukifanya kazi sehemu ya siku, siku nzima inalipwa. Makosa ya mara moja mwajiri anaweza kuyarekebisha kwa kurudisha fedha. Mazoea ni jambo jingine, yanaweza kuuondoa mshahara wako kwenye aina inayotakiwa. Na angalia hesabu aliyotumia: dola 100 kwa saa tano ni dola 20 kwa saa. Dola 800 gawa kwa 40 ni 20. Kwa kalamu yake mwenyewe amehesabu kwamba mshahara wako ni wa saa 40. Wakati wa kukata wewe ni mtu wa saa, wakati wa kulipa wewe ni mtu wa mshahara. Hizo cheki zilizokatwa zitunze.

Kwa nini naling'ang'ania hilo la 40? Kwa sababu ikija kuonekana kwamba unastahili ovataimu, namna ya kuihesabu nayo hubishaniwa. Kama dola 800 zilikuwa za saa zote utakazofanya, zigawe kwa 60, unapata dola 13.33 kwa saa, na unachodai ni ile nusu ya juu tu kwa saa 20: kama dola 133 kwa wiki. Kama zilikuwa za saa 40, basi saa 20 za ziada kwa dola 30 ni dola 600 kwa wiki. Ni tofauti kubwa. Maneno yale ya jikoni, "dola 800, saa 40, wikiendi zako", yanaweza kuwa na maana kuliko cheo chenyewe. Yaandike kama unavyoyakumbuka, na tarehe.

Na usiku unaolala? Zamu ikiwa haifiki saa 24 na unatakiwa uwe pale, saa unazosinzia nazo kwa kawaida ni kazi. Zikifika 24 au zaidi, mnaweza kukubaliana kuondoa hadi saa nane za kulala, ukiwa na mahali pa kulala na kwa kawaida usingizi wako hausumbuliwi. Mtu anayeamka kumgeuza mteja saa nane ya usiku anajua jibu lake. Huenda basi saa zako si 60.

Sasa yale uliyoyachukulia kuwa kweli.

Unadhani karatasi uliyosaini imekufunga. Haki hii ya ovataimu, kama unayo, huwezi kuisaini ikaondoka. Mahakama ya Juu ya Marekani ilishasema hivyo tangu miaka ya 1940. Karatasi inaonyesha mlichokubaliana, haibadilishi sheria.

Wifi yako hakukosea, ila anaishi kwingine. Sheria ya shirikisho ni sakafu, na majimbo yanaruhusiwa kupandisha. Kwa mwaka 2025 Washington iliweka dola 69,305.60 kwa mwaka kwa mwajiri mwenye hadi wafanyakazi 50, na 77,968.80 kwa wakubwa zaidi. California ilikuwa 68,640. Wewe kwa dola 800 unapata 41,600. Texas haina kiwango chake, kwa hiyo wewe umebaki na 684. Si ujinga wako. Ni mpaka wa jimbo.

Unadhani pia, au niseme mumeo anadhani, kwamba Dada Mkubwa anajua anachofanya. Inawezekana. Inawezekana pia hajui. Nyumba nyingi za aina hiyo huendeshwa kwa fedha za Medicaid, ule mpango wa serikali wa matibabu kwa wenye kipato kidogo na wenye ulemavu, na malipo yake hupangwa na jimbo. Mwenye kampuni hawezi kupandisha bei kama muuza duka. Akikosa mtu wa usiku, mfuko aliouona karibu ni wewe. Kutojua hakumwondolei deni. Lakini kunabadilisha namna ya kuanza mazungumzo, na pengine namna utakavyoweza kukaa naye kanisani baadaye.

Na hili la mama yako. Nakuomba ujiulize, je, kweli kulipwa kwa saa ni kushuka? Unaweza kubaki meneja wa nyumba, ukalipwa ovataimu. Hakuna sheria inayokataza. Unaweza hata kubaki na mshahara wa wiki, na saa zinazozidi 40 zikalipwa juu yake. Na ule unafuu wa kodi alioufurahia mwenzako upo: kwa miaka ya kodi 2025 hadi 2028, ile nusu ya juu ya ovataimu inayolazimishwa na sheria ya shirikisho inaweza kupunguzwa kwenye mapato yanayotozwa kodi, hadi dola 12,500 kwa mtu mmoja, ingawa hupungua kwa wenye kipato kikubwa. Aliye nje ya ovataimu haugusi.

Njia ziko kadhaa. Nitakuambia ninavyoziona, na kila moja ina mwiba wake.

Unaweza kuzungumza na Dada Mkubwa. Si kanisani, si kwenye kikoba, wala si kwa kupitia mchungaji, kwa sababu mkiingiza mtu wa tatu mapema atasikia aibu kabla ya kusikia hoja. Nenda na daftari la saa zako za wiki chache, na swali moja: "Dada, naomba tuangalie kama cheo changu kimepangwa sawa kisheria, nisije nikakuletea matatizo wewe na mimi." Unamwita hivyohivyo unavyomwita. Mpe nafasi ya kwenda kumuuliza mhasibu wake. Hatari yake ni kwamba anaweza kukasirika, au akakuahidi ukarudi kwenye ahadi ileile ya jikoni. Anaweza pia kukurudisha kwa saa halafu akakupa 30 tu. Sheria inakataza kumwadhibu mtu kwa kudai haki hii, na Mahakama ya Juu ilisema mwaka 2011 kwamba hata malalamiko ya mdomo yanalindwa. Ila kulindwa ni kitu kimoja, kuthibitisha ni kingine. Kwa hiyo baada ya mazungumzo mtumie ujumbe mfupi wa adabu, wa kumshukuru na kurudia mlichosema.

Unaweza kupiga simu Wizara ya Kazi, Kitengo cha Mishahara na Saa, kuuliza tu. Wana wakalimani, na kuuliza si kushitaki. Ukiamua kupeleka malalamiko, hawatoi jina lako. Lakini tuongee ukweli: nyumba ni mbili, na sidhani kama mameneja wa mshahara ni wengi. Mtu wa wizara akibisha hodi, Dada Mkubwa hatahitaji mganga kujua katoka wapi. Na wakianza uchunguzi, hutaamua wewe tena uende kasi gani wala uishie wapi.

Wakili ni njia nyingine. Wapo wanaochukua kesi hizi bila malipo ya mwanzo, kwa kuwa ukishinda mwajiri hulipa ada yao, na deni linaweza kuongezwa mara mbili. Nilichokiona kwa watu wetu ni kwamba wengi hawarudi kusalimiana baada ya hapo. Usiingie kwa sababu ya hasira ya mumeo peke yake. Na usikatae kwa sababu ya hofu yako peke yake.

Unaweza kuondoka, utafute kazi ya saa kwingine, umwachie Mungu. Wengi hufanya hivyo na sitawabeza. Kikoba malizia zamu yako, kwa sababu ile ni fedha yako na ya wenzako, si fadhila ya mwenyekiti. Na unaweza kubaki kama ulivyo kwa muda. Lakini jua kwamba muda wa kudai unakatika: kwa kawaida miaka miwili nyuma kuanzia siku unayofungua kesi, mitatu ikionekana mwajiri alivunja kwa kujua. Barua, simu na mazungumzo ya jikoni haviusimamishi muda huo. Kila wiki inayopita mbele, wiki moja ya zamani inadondoka nyuma.

Ukichagua njia yoyote, au usipochagua, anza leo kuandika saa zako. Umeingia saa ngapi, umetoka saa ngapi, nani hakuja, usiku umeamka mara ngapi. Kwa daftari lako la nyumbani, si simu ya kampuni. Mwajiri asipoweka kumbukumbu za saa, za mfanyakazi zinaweza kusikilizwa. Na tafadhali usipige picha karatasi za dawa wala faili za wateja kutafuta ushahidi. Zile ni siri za watu wasioweza kujitetea, na utajiingiza kwenye shimo jingine. Ratiba za zamu na ujumbe wa WhatsApp uliotumiwa wewe vinatosha.

Chumvi uliyokula, mwanangu, ilikuwa ya kweli. Chumba kile alikupa bila kukudai. Ila jiulize kama alikupa ukiwa mgeni wake au ukiwa mfanyakazi wake, na kama yeye mwenyewe angependa kuona vimechanganywa. Pengine ndilo swali ambalo nyote wawili hamjawahi kulisema kwa sauti. Sijui atalijibuje. Wewe unamjua, mimi simjui.

Huna haja ya kuamua wiki hii. Zungumza na mumeo kwanza, na umuulize ni kitu gani hasa anachotaka: fedha zilizopita, au wewe urudi nyumbani saa kumi na mbili jioni. Kama ni la pili, huenda maombi yako kwa Dada Mkubwa yakawa mafupi kuliko unavyoogopa. Ukiwa umehesabu ratiba na kuziona zile saa 70 au zaidi, niandikie tena uniambie umepata ngapi.

Wako,
Mama